Maurice Turnbull: Staa wa kriketi na raga aliyecheza densi ili wenzake walipwe

Maurice Turnbull alikuwa mtu wa jezi nyingi. Jamaa huyu wa Cardiff aliichezea Uingereza kriketi, akaichezea Wales raga, akaichezea Wales magongo, na kwenye skwoshi pia alikuwa moto. Hadi leo hakuna mwingine aliyevaa jezi ya Uingereza kwenye kriketi na ya Wales kwenye raga. Na kwa kucheza huko kote hakulipwa mshahara.

Usimwonee huruma lakini. Alizaliwa Machi 1906 katika familia ya wenye meli za biashara. Baba yake, Philip, alikuwa kwenye timu ya magongo ya Wales iliyotwaa shaba kwenye Olimpiki za London mwaka 1908. Maurice mwenyewe alianza kuichezea kaunti ya Glamorgan mwaka 1924, bado akiwa shuleni, kisha akaenda Cambridge na kuwa nahodha wa kriketi huko.

Enzi hizo kriketi ya Uingereza ilikuwa na matabaka yake. Upande mmoja, wachezaji wa ridhaa, wengi wao watoto wa wenye nazo. Upande wa pili, wachezaji wa kulipwa, ambao mchezo ndio uliokuwa ugali wao. Walicheza timu moja ila viwanja vingi viliwatengea vyumba tofauti vya kubadilishia nguo, na hata majina yao yaliandikwa kwa namna tofauti. Nahodha karibu kila mara alikuwa wa ridhaa, hata kama kulikuwa na mkongwe wa kulipwa anayejua mchezo kumshinda. Kwa hivyo Turnbull alipokabidhiwa Glamorgan mwaka 1930, akiwa na miaka 24 tu, ungesema ni mambo ya kujuana. Mimi pia ningesema hivyo, kama si alichofanya baadaye.

Klabu yenyewe ilikuwa hoi. Ilikuwa imeingia ligi kuu ya kaunti mwaka 1921 na ikazoea kupigwa. Halafu uchumi ukaporomoka. Kusini mwa Wales kulitegemea makaa ya mawe, migodi ikawa inafungwa, na mtu asiye na kazi hanunui tiketi ya kriketi. Madeni yakapanda. Klabu ingezikwa, Turnbull angepoteza burudani yake ya msimu wa joto, basi. Lakini kina Emrys Davies na Arnold Dyson, waliokuwa wakifungua mchezo kwa gongo, wangepoteza kazi wakati ambapo kazi hazikuwepo.

Turnbull akachukua na kazi ya ukatibu wa klabu. Yeye na rafiki yake Johnnie Clay, mrushaji mpira aliyekuwa Glamorgan tangu 1921, wakaanza kile ambacho sisi tungekiita harambee. Walizunguka Wales wakiandaa densi na tamasha, miji mikubwa na midogo, majira ya baridi. Yaani nahodha anamaliza msimu, badala ya kupumzika anavaa suti na kwenda kucheza densi na watu wasiomhusu, tabasamu usoni, ili sanduku la michango lijae. Mwaka 1934 Glamorgan iliungana na kaunti jirani ya Monmouthshire, ikapata eneo kubwa zaidi la kutafuta vijana. Pole pole klabu ikasimama. Mwaka 1937 Turnbull aligonga mikimbio 233 dhidi ya Worcestershire mjini Swansea, alama yake ya juu kabisa.

Kwa Uingereza hakung'aa hivyo, tuseme ukweli. Mechi 9 za kimataifa kati ya 1930 na 1936, na hakuwahi kupita 61.

Raga ndiyo iliyompa siku yake. Wales ilikuwa haijawahi kushinda Twickenham tangu uwanja huo ufunguliwe mwaka 1909. Januari 21, 1933 ikaenda tena na kundi la wageni kwenye timu, akiwemo kijana Wilf Wooller. Turnbull, karibu miaka 27, naye alikuwa anaanza, kwenye nafasi ya yule anayechomoa mpira kwenye skramu. Ronnie Boon akafunga mguso, na pia akapiga teke lililopita kati ya milingoti. Wales 7, Uingereza 3. Turnbull alicheza mechi moja zaidi, dhidi ya Ireland, na raga yake ya kimataifa ikaishia hapo.

Mwaka 1939 alioa, na vita vikaanza. Akajiunga na kikosi cha Welsh Guards na kufikia cheo cha meja. Agosti 5, 1944, karibu na kijiji cha Montchamp kule Normandy, Ufaransa, aliuawa kwa risasi. Alikuwa na miaka 38, akaacha mke na watoto watatu. Habari zilifika Cardiff wakati Glamorgan ikiwa uwanjani, na mashabiki wakasimama kimya.

Miaka minne baadaye, mwaka 1948, Glamorgan ikashinda ubingwa wa kaunti kwa mara ya kwanza. Nahodha alikuwa Wilf Wooller, yule yule wa Twickenham. Emrys Davies alikuwa bado anafungua mchezo. Na kwenye mechi ya kuamua, kule Bournemouth, aliyemtoa mpigaji wa mwisho wa Hampshire alikuwa Johnnie Clay, mwenye miaka 50.