Alishinda vita, umoja ukamshinda

Yapo majina ambayo wanafunzi wetu huyakariri kwa ajili ya mtihani, kisha huyasahau mara tu kalamu zinapowekwa chini. Jina la Simón Bolívar ni mojawapo. Hapa Busia na Malaba, ambako mpaka si mstari wa ramani tu bali ni jambo la kila asubuhi, mtu huyu anastahili kusomwa kwa makini zaidi. Maisha yake yanatufunza jinsi mataifa yanavyozaliwa, jinsi mipaka inavyorithiwa, na kwa nini umoja huweza kuvunjika hata baada ya adui kushindwa.

Bolívar alizaliwa mjini Caracas tarehe 24 Julai 1783, wakati Venezuela ilipokuwa koloni la Uhispania. Ukoo wake ulimiliki mashamba makubwa na watumwa wengi. Hata hivyo, mali haikumkinga na ukiwa. Babaye alifariki kabla mtoto hajatimiza miaka mitatu, na mamaye akafuata mwaka 1792. Miongoni mwa waliomlea kifikra alikuwa mwalimu Simón Rodríguez, na walimu wa leo wana haki ya kujivunia hilo. Mwaka 1802 Bolívar alioa mjini Madrid, lakini mkewe, María Teresa del Toro, alifariki kwa homa ya manjano Januari 1803, muda mfupi baada ya kufika Venezuela. Hakuoa tena. Mwezi Agosti 1805, juu ya kilima mjini Roma na mbele ya mwalimu wake huyo, aliapa kuikomboa nchi yake.

Fursa ilipatikana mwaka 1808, Napoleon alipoivamia Uhispania. Venezuela ilitangaza uhuru tarehe 5 Julai 1811, lakini jamhuri hiyo changa haikudumu. Tetemeko la ardhi la Machi 1812 liliibomoa Caracas, na makasisi waliomtii mfalme wakawaambia watu kwamba hiyo ilikuwa adhabu ya Mungu. Miezi michache baadaye Wahispania walirudi. Bolívar aliitwaa tena Caracas mwaka 1813, akaipoteza mwaka 1814, akakimbilia Jamaika, kisha Haiti.

Hapo pana jambo ambalo mwanafunzi wa Kiafrika hapaswi kulipita. Haiti ilikuwa taifa la watu weusi waliojinasua wenyewe kutoka utumwani na kutangaza uhuru mwaka 1804. Rais wake, Alexandre Pétion, alimpa Bolívar silaha na vyakula kwa sharti kwamba awaachilie huru watumwa katika nchi atakazozikomboa. Bolívar aliwaachilia wa kwake, na mwaka 1816 akatangaza uhuru kwa wale waliokubali kuingia jeshini. Wenye mashamba, hata hivyo, waliburuta miguu: Kolombia ilipitisha sheria ya kufuta utumwa mwaka 1851, na Venezuela mwaka 1854. Zaidi ya hayo, mkutano wa mataifa mapya ulipofanyika Panama mwaka 1826, Haiti haikualikwa. Mfadhili wa shida alisahauliwa siku ya karamu.

Sifa kuu ya Bolívar kama jemadari ilikuwa kuielewa jiografia. Mwaka 1819, katikati ya msimu wa mvua, aliliongoza jeshi lake kuvuka nyanda zilizofurika za bonde la Orinoco, kisha akaupanda ukuta wa milima ya Andes hadi karibu mita 4,000 juu ya usawa wa bahari. Mkazi wa Malaba anayeutazama Mlima Elgon, wenye kilele cha mita 4,321, anaweza kukisia mateso ya askari wa nyanda za joto waliopanda huko wakiwa na nguo nyepesi. Wengi walikufa kwa baridi. Lakini Wahispania hawakutazamia kuvamiwa kutoka upande huo, na tarehe 7 Agosti walishindwa huko Boyacá. Ushindi wa Carabobo mwaka 1821 uliikomboa Venezuela. Jemadari wake, Antonio José de Sucre, akashinda Pichincha mwaka 1822 na Ayacucho mwaka 1824. Mwaka 1825 nchi iliyoitwa Peru ya Juu ilipewa jina la Bolívar mwenyewe, nayo ndiyo Bolivia ya leo.

Lengo lake, hata hivyo, halikuwa kuzaa vijinchi vingi. Aliunda dola moja, Kolombia Kubwa, iliyojumuisha Venezuela, Kolombia, Panama na Ekuador za leo. Dola hiyo haikumaliza miaka kumi na miwili. Milima ilizitenga sehemu zake, barua zilichukua majuma kufika, na kila jemadari alitaka kutawala kwao. Tena wahenga walisema mgema akisifiwa tembo hulitia maji. Bolívar aliandika katiba ya Bolivia yenye rais wa maisha, na mwaka 1828 akajitwalia mamlaka ya kidikteta. Mwezi Septemba mwaka huo wauaji walivamia makao yake usiku, akaokolewa na ujasiri wa mwandani wake, Manuela Sáenz.

Mwaka 1830 kila kitu kiliporomoka. Venezuela ilijitenga chini ya José Antonio Páez, Ekuador ikafuata, na Sucre akauawa njiani. Bolívar alijiuzulu, akashika safari ya kwenda uhamishoni. Hakufika. Alifariki karibu na Santa Marta tarehe 17 Desemba 1830, akiwa na umri wa miaka 47, katika nyumba ya Mhispania aliyemhifadhi.

Sasa tutazame kwetu. Jamhuri za Amerika Kusini zilikubaliana kuishi na mipaka iliyochorwa na mkoloni, ili zisipigane bila kikomo. Umoja wa Nchi Huru za Afrika uliamua vivyo hivyo mjini Cairo mwaka 1964. Mpaka wetu nao ulichorwa na wageni: hadi mwaka 1902 sehemu kubwa ya magharibi mwa Kenya ilikuwa Mkoa wa Mashariki wa Uganda, kisha Waingereza wakaihamisha kwa kalamu. Wateso na Wasamia wakajikuta pande zote mbili. Mwaka 1976 Idi Amin alipodai ardhi hiyo, tuliona jinsi jeraha la zamani linavyoweza kutoneshwa.

Bolivia nayo ina funzo lake. Ilipoteza pwani yake katika vita dhidi ya Chile vilivyoanza mwaka 1879, na tangu hapo mizigo yake hupitia nchi za jirani. Uganda pia haina bahari. Kila lori linalosubiri foleni Malaba ni somo la jiografia lenye magurudumu.

Jumuiya ya Afrika Mashariki iliyoundwa mwaka 1967 ilivunjika mwaka 1977, ikafufuliwa kwa mkataba wa mwaka 1999. Tukiwaachia wakubwa peke yao kazi ya kuilinda, itafuata njia ya Kolombia Kubwa, kwani umoja unaokaa juu ya mabega ya mtu mmoja huzikwa pamoja naye. Umoja unaodumu ni ule wenye faida kwa mama anayevuka na kapu la samaki na kwa kijana wa bodaboda, neno lililozaliwa papa hapa mpakani. Kituo cha pamoja cha forodha kilichozinduliwa Busia mwaka 2018 ni hatua njema, lakini thamani yake ipimwe kwa jinsi kinavyomhudumia mfanyabiashara mdogo.

Basi walimu, wekeni ramani ya Amerika Kusini kando ya ile ya Afrika Mashariki, kisha waulizeni wanafunzi kwa nini Bolívar aliyewashinda Wahispania hakuweza kuwaweka wenziwe pamoja. Mtoto wa mpakani atakayelijibu swali hilo atakuwa ameanza kuielewa nchi yake mwenyewe.