Jacquard: Mfumaji aliyezipa mashine maagizo

MASHINE zinazochonga vyuma viwandani kwa kuongozwa na kompyuta zina asili ya kale kuliko wengi wanavyodhani. Miongoni mwa walioziandalia njia ni mfumaji wa hariri wa Ufaransa, Joseph Marie Jacquard.

Alizaliwa katika mji wa Lyon Julai 7, 1752, akiwa mtoto wa fundi mfumaji. Enzi hizo, kitambaa chenye maua kilihitaji watu wawili: fundi aliyepitisha uzi, na msaidizi, mara nyingi mtoto, aliyevuta kamba kutwa nzima ili kuinua nyuzi zilizotakiwa.

Jacquard alionja machungu ya Mapinduzi ya Ufaransa, yaliyomwacha akiomboleza mwanawe aliyeuawa vitani. Baadaye aliitwa Paris, ambako aliuchunguza mtambo wa kufuma uliobuniwa na Jacques de Vaucanson.

Mwaka 1804 alikamilisha mtambo wake, ulioongozwa na mlolongo wa kadi zilizotobolewa. Penye tundu, uzi uliinuliwa. Pasipo tundu, ulibaki chini. Aliyetaka ua jingine alibadili kadi tu. Ujuzi wa kupanga maua ukahama kutoka mikononi mwa mtu na kuandikwa kwenye kadi.

Serikali ilimtunuku pensheni, na mtambo ukawa mali ya umma. Wafumaji wa Lyon, walioona kitumbua chao kimeingia mchanga, walimpinga vikali. Hata hivyo, baada ya fundi Jean-Antoine Breton kuurekebisha, mtambo huo ulienea Ulaya. Wavuta kamba walipoteza kazi, huku watoboa kadi wakipata kazi mpya.

Jacquard alifariki dunia Agosti 7, 1834 huko Oullins, miezi michache baada ya wafumaji wa Lyon kuasi kwa mara ya pili wakidai ujira wa haki. Mwaka 1840 mji huohuo ulimsimamishia sanamu.

Wazo lake halikuzikwa naye. Mwingereza Charles Babbage alikusudia kutumia kadi kama hizo katika mashine yake ya kukokotoa. Mwaka 1952, chuo cha MIT nchini Marekani kilionyesha mashine ya kuchonga chuma iliyofuata utepe uliotobolewa, na kompyuta zikaja kuchukua nafasi ya utepe huo.

Hofu ya wafumaji wa Lyon nayo ingalipo: kila mashine inapojifunza kazi ya fundi, fundi hujiuliza atakula nini.