MEKATILILI, MAMA ASIYEJUA KUOGOPA

Hapa kwetu Shella tukitaja shujaa wa vita, wengi hudhani lazima awe na bunduki. Mekatilili wa Menza hakuwa nayo. Alikuwa mjane tu wa Kigiriama. Mwaka 1913 Waingereza walitaka kodi na vijana wa kufanya kazi mashambani mwa wazungu. Mama akazunguka vijijini akicheza kifudu, watu wakamfuata, wakala kiapo Kaya Fungo. Akashikwa pamoja na Wanje wa Mwadorikola, wakapelekwa Kisii. Januari 1914 wakatoroka, wakarudi pwani kwa miguu! Agosti Kaya Fungo ikalipuliwa kwa baruti, vita vikawaka, Wagiriama wengi wakafa. Yeye akashikwa tena, akaachiliwa 1919.

Wenzangu, cheo hakupewa na mtu. Aliuona wajibu, akautimiza. Je, sisi?