Maisha ya Bartolomé de las Casas (1484–1566)

Watahiniwa wengi wakiulizwa haki za binadamu zilianza wapi, hutaja Tamko la Umoja wa Mataifa la mwaka 1948 na kuishia hapo. Jibu hilo si kosa, ila ni fupi. Zaidi ya miaka mia nne kabla ya tamko hilo, padri mmoja Mhispania alisimama mbele ya wafalme wake akadai kwamba watu waliotekwa ng'ambo ya bahari ni binadamu kamili, wenye ardhi yao, watawala wao na hiari yao, na kwamba hakuna aliye na ruhusa ya kuwanyang'anya vitu hivyo, hata kwa kisingizio cha dini. Padri huyo mwenyewe alikuwa amewatumikisha watu hao hao kwa miaka kadhaa. Ndiyo maana maisha yake yanafaa kusomwa kwa utulivu.

Bartolomé de las Casas alizaliwa mjini Seville, Hispania, mwaka 1484. Baba yake, Pedro, alikuwa mfanyabiashara aliyesafiri na Christopher Columbus katika safari ya pili ya mwaka 1493. Aliporudi alikuja na kijana mwenyeji wa visiwa vya Karibi, akampa mwanawe awe mtumishi wake. Mwaka 1500 Malkia Isabella aliamuru vijana wa namna hiyo warudishwe kwao. Hivyo Las Casas alimjua mtu wa nchi zile kwa sura kabla hajavuka bahari.

Mwaka 1502 alivuka yeye mwenyewe, akafika kisiwa cha Hispaniola, ambacho leo kina nchi mbili: Haiti na Jamhuri ya Dominika. Wenyeji wake, Wataino, walikuwa wakulima wa muhogo, zao ambalo baadaye Wareno walilileta Afrika. Wahispania walitaka dhahabu, wakaweka mfumo ulioitwa enkomienda. Mtahiniwa aelewe neno hili vizuri, kwa sababu ndilo kiini cha ugomvi wote unaofuata. Katika enkomienda, Mhispania alikabidhiwa kundi la wenyeji. Kwa maandishi, wajibu wake ulikuwa kuwalinda na kuwafundisha Ukristo, nao wangemfanyia kazi. Kwa vitendo, watu walipelekwa migodini na mashambani, wakafa kwa kazi, njaa na maradhi mageni yaliyoletwa na meli. Kisheria hawakuitwa watumwa, na jina hilo zuri ndilo lililowafanya Wahispania wengi walale usingizi bila wasiwasi. Las Casas naye alipewa kundi lake, akalima na kuchimba dhahabu kama wenzake. Baadaye akawa padri, lakini wale watu hakuwaachia.

Mwaka 1511, Jumapili ya nne ya Majilio, mtawa wa shirika la Wadominiko aitwaye Antonio de Montesinos alipanda mimbarini mjini Santo Domingo. Mbele ya gavana na wakubwa wote aliwaambia kwamba wako katika dhambi ya mauti kwa jinsi wanavyowatesa wenyeji, akawauliza kama watu wale hawana roho kama wao. Kanisa lilifadhaika. Wakubwa walidai akane maneno yake, naye Jumapili iliyofuata akayarudia kwa ukali zaidi. Wadominiko wakaanza pia kuwanyima maondoleo ya dhambi wenye enkomienda. Las Casas alikumbwa na hilo: alikwenda kuungama, mtawa akakataa kumwondolea dhambi. Walibishana, padri akaondoka bila kushawishika. Wanafunzi wengi huandika kwamba alibadilika siku aliposikia mahubiri ya Montesinos. Si kweli. Ilichukua karibu miaka mitatu zaidi, na damu nyingi.

Damu hiyo aliiona Kuba. Mwaka 1513 alifuatana na jeshi la Wahispania kisiwani humo akiwa padri wao. Katika kijiji cha Caonao wenyeji waliwapokea wageni kwa chakula. Ghafla askari mmoja akachomoa upanga, na wengine wakafuata, wakaua wanaume, wanawake na watoto waliokuwa wameketi wakiwatazama. Las Casas alijaribu kuwazuia, akashindwa. Hata baada ya hayo alipokea zawadi yake ya vita: ardhi nzuri kando ya mto Arimao, na wenyeji wa kuilima.

Mwaka 1514 alikuwa akitayarisha mahubiri ya Pentekoste. Alipokuwa akisoma alifika sura ya 34 ya kitabu cha Yoshua bin Sira, inayosema kwamba Mungu haridhiki na sadaka iliyotokana na mali ya dhuluma, na kwamba kumnyima maskini mkate wake ni sawa na kumuua. (Kitabu hicho kimo katika Biblia za Kikatoliki, mwenye Biblia ya vitabu 66 asikitafute, hatakiona.) Padri akajiona yumo ndani ya maneno yale. Kila siku alipoadhimisha misa, mkate na divai alivyotolea vilinunuliwa kwa jasho la watu wasiolipwa. Tarehe 15 Agosti mwaka huo, sikukuu ya Kupalizwa Bikira Maria, alitangaza hadharani katika mahubiri kwamba amewaachia watu wake, akawaambia waumini kwamba hawataokoka wasipofanya hivyo nao. Walimsikiliza kwa mshangao, wakarudi makwao na mambo yakaendelea kama kawaida.

Alirudi Hispania mwaka 1515 kumwona Mfalme Ferdinand, lakini mfalme alifariki Januari 1516 kabla ya kufanya lolote. Kardinali Cisneros, aliyeshika utawala, alimpa cheo cha Mlinzi wa Wenyeji. Hapa lipo doa ambalo mtahiniwa asilifiche. Ili kuwapunguzia wenyeji mzigo, Las Casas alipendekeza kwamba walowezi waruhusiwe kuingiza watumwa wengine, wakiwemo Waafrika. Hakuwa wa kwanza, kwani Waafrika walikuwa wakipelekwa huko tangu mwanzo wa karne ya 16, na mwaka 1518 mfalme mpya, Charles, alitoa kibali cha kupeleka 4,000. Lakini sauti yake ilikuwa miongoni mwa zilizoomba. Aliamini kwamba Waafrika hao walitekwa katika vita vya halali. Miaka mingi baadaye alisoma habari za Wareno katika pwani ya Afrika, akagundua kwamba walikuwa wakiwavamia watu tu. Akaandika kwamba utumwa wa Waafrika ni dhuluma sawasawa na ule wa wenyeji, na kwamba hana hakika kama kutojua kwake kutamtetea mbele ya hukumu ya Mungu. Wengi wa zama zake hawakufika hata hapo.

Jaribio lake la kuanzisha makazi ya amani huko Cumaná, pwani ya Venezuela ya leo, lilivunjika mwaka 1522. Alikata tamaa, akaingia shirika la Wadominiko, akakaa miaka kadhaa akisoma teolojia na sheria. Alipotoka huko alikuwa na silaha mpya, nayo ilikuwa hoja. Alifundisha kwamba imani ni jambo la hiari, hivyo njia pekee ya kuieneza ni kushawishi akili na kuvuta moyo. Aliyebatizwa chini ya mkuki hajaamini kitu. Kuanzia 1537 yeye na wenzake walilijaribu jambo hilo Guatemala, katika nchi ambayo askari walikuwa wameshindwa kuiteka. Waliwatuma wachuuzi wenyeji waliokuwa wamefundishwa kuimba habari za imani katika lugha ya huko, na machifu wakakubali kuwapokea. Sehemu hiyo ikaitwa Verapaz, yaani amani ya kweli. Mwaka huo huo Papa Paulo wa Tatu alitoa waraka uliotamka kwamba wenyeji wa Amerika ni watu kamili, wasinyimwe uhuru wala mali zao, hata kama si Wakristo.

Tarehe 20 Novemba 1542 Mfalme Charles alitia saini Sheria Mpya. Zilikataza kuwafanya wenyeji watumwa, na zikaamuru kwamba enkomienda isirithiwe, ili mfumo ufe pamoja na wenye nayo. Walowezi waliasi. Nchini Peru walimuua mwakilishi wa mfalme mwaka 1546. Charles alikwisha kurudi nyuma mwaka 1545, akaondoa kifungu cha urithi. Las Casas wakati huo alikuwa askofu wa Chiapas, kusini mwa Meksiko. Alikataza mapadri wake kuwaondolea dhambi wenye watumwa wasiowaachia na kuwalipa fidia. Tazama hapo: adhabu aliyopewa na yule mtawa alipokuwa kijana sasa aliigeuza kuwa sheria ya jimbo. Umati wenye silaha uliingia nyumbani kwake. Mwaka 1547 alirudi Hispania, na hakuvuka bahari tena.

Mwaka 1550 na 1551 kulifanyika mjadala mjini Valladolid mbele ya jopo la wanateolojia na wanasheria. Msomi Juan Ginés de Sepúlveda, akimtegemea Aristotle, alidai kwamba wapo watu waliozaliwa kuwa watumwa, na kwamba ni halali kuwapiga vita kwanza na kuwahubiria baadaye, hasa kwa kuwa walitoa watu kafara. Las Casas, mwenye umri wa miaka 66, alisoma maandishi yake kwa siku tano. Alijibu kwamba Mungu hakuumba taifa zima lisilo na akili. Kwamba wenyeji walikuwa na miji, sheria na sanaa. Na kwamba vita vingeua watu wengi wasio na hatia kuliko wale ambao vingewaokoa na kafara. Jopo halikutoa hukumu ya mwisho inayojulikana, na kila upande ulijitangaza mshindi.

Mwaka 1552 alichapisha Seville kitabu chake kifupi kuhusu maangamizi ya wenyeji. Kilitafsiriwa katika lugha kadhaa, na maadui wa Hispania walikitumia kuipaka matope nchi hiyo huku wao wenyewe wakijenga makoloni. Idadi za vifo alizoandika wanahistoria wengi huziona zimekuzwa, lakini ukatili wenyewe umethibitishwa na mashahidi wengine. Usitumie takwimu zake katika mtihani kana kwamba ni sensa.

Alifariki Madrid tarehe 18 Julai 1566, akiwa bado anaandika barua za malalamiko kwa wakubwa. Historia yake ndefu, ile yenye maungamo kuhusu Waafrika, aliiacha kwa Wadominiko wa Valladolid akiagiza isichapishwe kwa miaka 40. Ilichapishwa mwaka 1875, miaka miwili baada ya soko la watumwa la Zanzibar kufungwa. Kuba, ambako alisoma sura ile ya 34, ilikuwa bado na watumwa wa Kiafrika katika mashamba ya miwa, na ingekuwa nao hadi 1886.