Mbaraka Mwinshehe: Nyimbo Zinazosikika Kila Mahali, Haki ya Warithi

Marehemu Mbaraka Mwinshehe Mwaruka alizaliwa mwaka 1944 Mzenga, wilayani Kisarawe, lakini ni Morogoro iliyomfanya mwanamuziki. Katika miaka ya 1960 alijiunga na Morogoro Jazz Band, akawa mpiga gitaa la solo, mtunzi na mwimbaji wake mashuhuri. Mwaka 1970 bendi hiyo ilikwenda Osaka, Japani, kwenye maonesho ya dunia ya Expo 70. Mwaka 1973 aliondoka na kuunda Super Volcano.

Wakati huo Tanzania haikuwa na kiwanda cha kuchapa santuri. Bendi nyingi zilirekodi Radio Tanzania Dar es Salaam, na santuri zikachapwa Nairobi. Baadaye ikaenea kaseti, na mwenye redio ya kaseti mbili akaweza kunakili albamu nzima sebuleni kwake. Mbaraka hakuishi kuyaona hayo yakikithiri. Alifariki Januari 1979 kwa ajali ya gari Mombasa, akiwa na miaka 34.

Nyimbo zake hazikunyamaza. Katika basi linalotoka Ifakara, likavuka Daraja la Kilombero na kupita Lupiro kuelekea Malinyi, si ajabu kuusikia wimbo wa Shida ukitoka kwenye memori kadi iliyojazwa dukani. Aliyeijaza kadi amelipwa. Wenye wimbo hawakuulizwa. Mitandaoni hali ni hiyo hiyo, na mara nyingi wimbo husambazwa kwa jina la zilipendwa tu, mtunzi na bendi wakiachwa njiani. Pengine hilo ndilo lisilo na udhuru kabisa, kwa kuwa kutaja jina hakugharimu hata senti.

Wapo wanaosema kunakili huko ndiko kulikozihifadhi nyimbo hizo, na kwa kiasi fulani wana hoja. Hata hivyo, Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki Na. 7 ya mwaka 1999 inalinda kazi ya mtunzi katika uhai wake na kwa miaka 50 baada ya kifo chake, haki hiyo ikipita kwa warithi. Kwa kazi za Mbaraka, muda huo unafika mwaka 2029. Hadi wakati huo, anayetaka kuzipakia mtandaoni, kuziuza kwenye kadi au kuzirekodi upya anatakiwa kupata kibali cha wenye haki, akianzia Ofisi ya Hakimiliki Tanzania, COSOTA.