Shaaban Robert Nje ya Kusadikika

Kila mwaka, kabla hatujafungua Kusadikika, huwauliza wanafunzi wangu wapya swali moja: Shaaban Robert alikuwa akifanya kazi gani? Jibu aghalabu ni kimya. Maudhui ya kitabu wanayo midomoni, yamehesabiwa kama shanga, mtunzi hawamjui.

Marehemu alizaliwa Vibambani, karibu na Tanga, mwaka 1909. Alisoma Dar es Salaam, na mwaka 1926 akaajiriwa karani wa forodha. Baadaye alihamishiwa Mpwapwa, idara ya mifugo, kisha akarejea Tanga kuhudumu katika ofisi ya wilaya na ile ya upimaji ardhi. Uandishi ulipata saa zilizosazwa na ofisi. Kusadikika kilipotoka mwaka 1951, alikuwa angali mtumishi wa serikali ya kikoloni. Basi msomaji na azingatie: karani anayelipwa na Mwingereza anasimulia nchi inayoelea angani, ambamo Karama anashtakiwa kwa kufundisha uanasheria! Sisemi kila fumbo ni woga. Hata hivyo, mwalimu anayelipita jambo hili amemnyima mwanafunzi nusu ya kitabu.

Hali ni hiyo hiyo kwa Utenzi wa Hati. Vijana wengi, hasa wasichana, huuona kuwa mahubiri makavu ya mwanamume kwa wanawake, na pengine wana haki ya kulalamika. Lakini asomaye Maisha Yangu humkuta mtunzi akiwa amefiwa na mkewe Amina, ameachiwa watoto wawili wadogo. Hati aliuandika kwa ajili ya binti, na Adili kwa ajili ya mwana. Ukali haupungui kwa kujua hayo, ila sauti hubadilika: ni mjane anayejaribu kusema yale ambayo mama angeyasema.

Yeye mwenyewe hakuishia kwenye kazi za wengine. Nyimbo za Siti binti Saad zilipendwa pwani nzima, naye akaandika wasifu wa mwimbaji.

Alifariki Juni 1962. Utenzi wa Vita vya Uhuru, alioutunga juu ya vita vikuu vya pili, ulichapishwa mwaka 1967. Barua alizomwandikia nduguye, Yusuf Ulenge, kati ya 1931 na 1958, zilihaririwa na Profesa Mulokozi na kutolewa kitabu mwaka 2002. Katika maktaba za shule nilizozitembelea nimekuta miongozo ya mitihani rafu tele. Kitabu hicho cha barua sijakiona hata mara moja.