Elijah Masinde: nani aliamua kwamba hana akili timamu?

Ukitaja Lutindi huku kwetu Korogwe na Handeni, kila mtu anajua unasema hospitali ya wagonjwa wa akili. Wenzetu wa Kenya wana Mathari, Nairobi. Leo tunawaletea maisha ya Elijah Masinde, aliyefungiwa Mathari na wakoloni.

Masinde, Mbukusu wa Kimilili, magharibi mwa Kenya, alizaliwa karibu mwaka 1910. Ujanani alisifika kwa mpira wa miguu, akaichezea timu ya Kenya. Alikuwa muumini wa kanisa la Friends, wakatofautiana kuhusu kuoa mke zaidi ya mmoja. Mwanzoni mwa miaka ya 1940 akaanzisha Dini ya Msambwa, iliyowarudisha watu kwenye mila za mababu. Wakati wa Vita vya Pili vya Dunia alipinga watu kuchukuliwa kwa nguvu kufanya kazi kwenye mashamba ya walowezi.

Alikamatwa mwaka 1944. Mwaka 1945 serikali ikampeleka Mathari kwa madai ya kichaa. Mlalamikaji na mwamuzi walikuwa wale wale. Hospitali iliongozwa na Dkt. J. C. Carothers, ambaye alipoikabidhiwa mwaka 1938 hakuwa amesomea magonjwa ya akili.

Masinde alitoka mwaka 1947. Februari 1948 polisi waliwafyatulia risasi wafuasi wake huko Malakisi, wakaua 11. Yeye akakamatwa tena. Msimamo wake ulikuwa ule ule, lakini safari hii hakupelekwa hospitali: alihamishiwa Lamu, akakaa kizuizini zaidi ya miaka 10. Baada ya uhuru serikali ya Kenyatta nayo ilipiga marufuku dini yake, mwaka 1968, na yeye akarudi gerezani. Alifariki mwaka 1987.

Kwa nini tunamkumbuka? Kwa sababu kumwita mtu kichaa ni njia rahisi ya kumnyang'anya kauli yake, hata ndani ya familia. Wataalamu wa leo hawapimi kama uamuzi wa mtu unawapendeza wengine. Wanaangalia mambo manne: anaelewa anachoelezwa? Anakikumbuka kwa muda wa kutosha kuamua? Anaweza kupima faida na hasara? Anaweza kueleza uamuzi wake, kwa maneno au hata kwa ishara? Tena hupima kwa jambo husika na wakati husika. Mzee anayesahau tarehe anaweza kujua vizuri kabisa shamba lake anataka limwendee nani. Na kuwahi kuugua akili, peke yake, hakumwondolei mtu haki ya kuamua.

Basi mzee akikataa kuuza shamba, kwanza muulizeni sababu na mmsikilize. Mkiwa bado na wasiwasi, mpelekeni kituo cha afya, apimwe na mtaalamu asiyetarajia chochote kutoka kwenye shamba hilo.